Hodi ya Mbwana

Wakisema Mbwana ni jambazi, mimi huwauliza: mlimwacha awe nani? Namjua tangu anatambaa. Tulipakana ua hapa Msambweni.

Baba yake alifuata ada ya Kidigo: alipokufa, shamba likaenda kwa wapwa zake. Haya, Mbwana akangojea la mjomba wake Abdulrahim, kwa ada iyo hiyo. Lo! Abdulrahim naye akasema yeye ni mtu wa sheria ya dini, na minazi yote ikawa ya mwanawe Seifu. Kote kuwili Mbwana akatoka mikono mitupu. Uhuru ukaja, tukapiga vigelegele. Alipokwenda Kwale kuomba ardhi, akaambiwa alete hati ya baba yake. Hati gani, jamani?

Basi akaingia kundi la Kenga, aliyefukuzwa kazi kwenye mashamba ya miwa. Wakaiba nazi, kisha mbuzi, kisha wakaanza kuvunja nyumba. Niliwachukia, sifichi.

Ijumaa moja, watu wako msikitini, wakaiendea nyumba ya Seifu. Mbwana akatangulizwa avunje mlango. Alifika kizingitini na panga mkononi, na kwa mazoea aliyolelewa nayo akasema, "Hodi wenyewe?"

Ndani alikuwamo Khamisa, mjane wa Abdulrahim, anaumwa. Akaitambua sauti, akamwitikia, "Karibu, Mbwana." Wale wenziwe kusikia jina limetajwa, mguu niponye. Yeye akaweka panga chini, akaingia, akamwamkia shikamoo, akamtekea maji ya kunywa. Watu walimkuta bado ameshika kata.

Seifu alitaka afungwe. Khamisa alikongojea mpaka kortini, akasema, "Mwizi hapigi hodi. Huyu alikuja kwao." Hakimu alimfunga vivyo hivyo.

Alipotoka, Khamisa tulikuwa tumeshamzika. Mbwana alikwenda kwa Seifu kuomba kipembe cha shamba apande mihogo. Nilikuwa uani kwangu, hatua chache tu kutoka kwa Seifu, nikichambua mchicha, nikamsikia akipiga hodi. Seifu alikuwamo ndani, redio yake inasema. Aliipunguza sauti, akanyamaza. Kwetu hodi ya tatu isipoitikiwa, mtu huondoka. Mbwana akaondoka, nami nikalia kwa hasira.

Mwezi uliofuata nyumba ya Seifu ilivunjwa. Mlango ulikutwa umelala chini, na hakuna jirani aliyesikia hodi.