Neno Lililoishia Getini

Nakumbuka siku moja, mwanangu, watu wote kazini walinipenda ghafla. Usicheke. Nilikuwa kuli, na kuli hapendwi ghafla bila sababu.

Wakati huo Mwingereza bado yupo, na Tanga nzima inanuka mkonge. Mimi nilikuwa kijana wa kupakia robota katika ghala moja pale bandarini. Robota la mkonge, kama hujaliona, ni furushi la singa, nyuzi za mkonge, lililobanwa kwa mashine, na huliinui peke yako hata uwe na nguvu za namna gani. Wanne hulitia kwenye mkokoteni, wawili husukuma, mmoja hutangulia kuelekeza. Huyo wa kuelekeza akinyamaza, mtu anapoteza vidole. Kwa hiyo usije ukadhani tulikuwa watu wasiojua kusema. Tulisemeshana kutwa.

Msimamizi wetu, tuliyemwita serangi, alikuwa Bwana Kombo, Mpemba wa sauti ndogo na heshima nyingi. Getini alikaa Mzee Hiza, Mbondei, bawabu wa miaka mingi. Na nilikuwa na rafiki, Mbwana, Mdigo, rika langu, tuliyekuwa tukila pamoja kila mchana. Hao ndio watu wangu. Sikuwa na mke, sikuwa na ndugu wa tumbo moja. Nilipanga chumba mtaa wa Mabawa, na jioni nikishafunga mlango hapakuwa na wa kuniuliza nimeshindaje.

Mama alikuwa kijijini kwetu Tongoni, kwenye njia ya Pangani. Baba alikufa ningali mchanga, na mama hakuzaa mwingine. Mwezi ule kifua kilikuwa kinambana. Ijumaa moja nilipokwenda kumtazama alinishika mkono akasema, "Sefu, siku yangu ikifika, wewe ndiye utakayeingia kaburini kunipokea. Usiniachie watu." Unajua kwetu mwanamke hupokewa na watu wake, na wa kwanza ni mwanawe. Nikamwahidi. Nilipotoka nikamwambia Mjomba Makame, kaka yake mama, "Hali ikibadilika tuma mtu ghalani. Hata nikiwa juu ya robota nitashuka."

Basi turudi kwenye siku yangu ya mapenzi. Asubuhi tu, Bwana Kombo akanitoa kwenye mkokoteni. "Leo fagia fagia hapa, kijana. Usijichoshe." Nikashangaa, maana serangi yule alikuwa mpole wa maneno, si mpole wa kazi. Mchana Mbwana akanisogezea samaki wake wote, yeye akala muhogo mtupu na macho yake yako chini. Waliozoea kunitania wakaacha kunitania. Nikisogea penye watu, mazungumzo yanakatika, na kila mtu anakumbuka ana kazi mahali pengine.

Mimi nikajua nimeachishwa kazi. Palikuwa na uvumi kwamba genge letu litapunguzwa, na hata mbuzi wa Idi hulishwa vizuri siku za mwisho. Nikanuna. Nikasema moyoni, wakitaka kunifukuza waseme wenyewe, mimi siwaulizi. Kuuliza si ujinga, hilo nililijua tangu chuo cha Kurani, lakini kijana akishapandwa na kiburi, methali zote humtoka. Nikafagia singa kutwa nzima katikati ya ghala lililojaa watu, na sijawahi kuwa mpweke kama siku ile. Hata chumbani kwangu Mabawa sikuwahi.

Nikwambie sasa kilichokuwa kimetokea, maana mwenyewe nilikijua baadaye. Mama alifariki alfajiri. Mjomba akamtuma jirani mmoja mwenye baiskeli, naye hakukawia. Alipofika getini akamwambia Mzee Hiza, "Mama yake Sefu hatunaye. Tunazika baada ya adhuhuri. Mfikishieni, lakini kwa upole." Kisha akapanda baiskeli yake, kwa kuwa alikuwa na jamaa wengine wa kuwaarifu mjini.

Mzee Hiza akaona neno kama lile si la bawabu. Akamnong'oneza serangi. Bwana Kombo naye akaona aliyelipokea ni mzee mwenye mvi, bila shaka ndiye atakayemkalisha kijana amwambie, na yeye kazi yake ni kumpunguzia mzigo. Wengine wakasikia hawa kwa hawa. Adhuhuri ilipoadhiniwa ghala zima lilikuwa linajua mama yangu amekufa, isipokuwa mimi. Na kila mmoja aliamini mwenzake ama ameshaniambia, ama yumo katika kutafuta njia ya kuniambia. Walidhani nafagia nikingoja ruhusa ya wakubwa ya kuondoka.

Tena usiwaone wabaya. Kwetu mwenye msiba haropokewi. Anakalishwa, anapewa maji, mtu mzima anaanza kwa mbali, anasema dunia ni mapito, mpaka mwenyewe anaanza kuelewa kabla neno halijatamkwa. Na rika hampi rika habari ya kifo, huo ni utovu wa adabu. Mbwana alilijua hilo, ndiyo maana alinipa samaki badala ya neno. Ni adabu nzuri, siikatai, na nikifiwa leo napenda nifanyiwe hivyo hivyo. Lakini adabu ile inataka mtu mmoja aliyejulikana kwamba ndiye. Wakiwa wengi kila mmoja humheshimu mwenzake, na mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Kila aliyemtazama mwenziwe aliona huyo ataubeba bila taabu.

Kazi ikaisha, alasiri imeshaingia. Getini Mzee Hiza akanishika mkono kwa mikono yake miwili. "Nenda nyumbani, baba. Mungu yupo." Nikamjibu kwa ukali, Mungu anisamehe, "Hata wewe, Mzee Hiza?" Akainamisha kichwa. Alidhani ni uchungu wa msiba, na mimi nilidhani ni aibu ya kunifukuza. Watu wawili tumeshikana mikono, na hakuna anayejua mwenzake anasema nini.

Nikashika njia ya Mabawa. Mbwana aliyekuwa nyuma akaona nakwenda siko. Akanikimbilia akanishika bega.

"Sefu, unakwenda wapi?"

"Kulala. Ulitaka niende wapi?"

Akaniachia bega. "Kwani hujaambiwa?"

"Nimeambiwa nini? Kwamba nimefukuzwa?"

Mbwana akakaa chini pale pale kando ya njia, akanivuta nikae naye. Akaiweka adabu ya rika pembeni, akasema, "Mama ametutangulia. Tangu alfajiri."

Sikumbuki niliinukaje. Nakumbuka lori la nazi lililokuwa linarudi Pangani, na dereva aliyenipakia bila kuuliza nauli wala habari. Tongoni nilifika magharibi haijaingia. Wanaume walikuwa wanarudi kutoka makaburini, majembe mabegani. Mbele yao alikuwa Mjomba Makame, udongo umemganda mpaka kwenye viwiko, na nilipouona udongo ule sikuwa na haja ya kuuliza nani aliingia.

"Tulikungoja, Sefu," akasema. "Adhuhuri ikapita tukasema tungoje alasiri. Mtu wetu alirudi akasema neno limefika. Tukasema basi yuko njiani. Hukuja."

Nilikwenda kaburini peke yangu. Udongo ulikuwa bado mbichi, wameunyunyizia maji. Nikasema, "Mama, nimefika," nikaona neno lenyewe halina kazi tena. Nikalia mpaka nikasikia adhana. Nilimwahidi jambo moja tu maishani mwangu, na nilikuwa nafagia.

Sasa sikia lililokuja baadaye, maana msiba una mtoto wake. Kijiji kizima kilikuwa kinajua neno limefika ghalani. Kwa hiyo kijiji kikajua pia, bila kuuliza mtu, kwamba Sefu ameambiwa na akachagua kubaki kazini. Asiyekuwapo na lake halipo. Wanawake walinipa pole wakitazama ukuta. Kwenye matanga nilikaa mkekani, na kulia kwangu mkeka mtupu, kushoto kwangu mkeka mtupu. Nilimweleza mjomba, akaniamini. Wengine nilisikia wakisema, "Kazi ya mjini tamu." Nikanyamaza. Nilishazoea kunyamaza.

Siku ya hitima, tulipomsomea mama Kurani, genge letu likaja lote, pamoja na Bwana Kombo na Mzee Hiza. Wametoka Tanga kwa ajili yangu, wameleta mchele na ubani wao. Mimi sikuinuka. Niliwapa ncha za vidole na kuwageuzia uso. Mjomba Makame akaliona. Akaniita nyuma ya nyumba, penye majungu ya kupikia, moshi unatuingia machoni.

"Umewanunia?"

"Walijua, mjomba. Wote walijua."

"Walikosa kukwambia," akasema. "Na wewe je? Uliona nyuso za watu zimebadilika kutwa nzima, ukaona bora kununa kuliko kufungua mdomo. Ungeuliza neno moja tu, 'Jamani kuna nini?', ungemzika mama yako. Na leo unarudia yale yale. Watajuaje kwamba hukuambiwa? Wale wanadhani unalia msiba. Hawa wa hapa wanadhani hukujali. Ukweli unao wewe peke yako, umeukalia kama kuku."

Yalinichoma, mwanangu. Nilitaka kumjibu kwamba mfiwa hakaripiwi. Lakini alikuwa kaka yake mama, na ndiye aliyeingia mahali pangu. Nikarudi mkekani. Hitima ilipokwisha, watu bado wamekaa, nikasema, na sauti yangu haikuwa nzuri: "Bwana Kombo, siku ile mimi sikuambiwa. Nilimaliza kazi yangu yote sijui kitu."

 Bwana Kombo akamgeukia Mzee Hiza. Mzee Hiza akamgeukia Bwana Kombo. Niliona kwa macho yangu watu wazima wawili wakielewa jambo kwa pamoja, na sikutamani kuwa mahali pao.

Mzee Hiza ndiye aliyesimama. Mzee wa umri ule, katika kijiji kisicho chake, mbele ya watu asiowajua. "Jamani wa Tongoni," akasema, "neno lenu lilifika kwangu. Mimi ndiye niliyelipokea. Kwa kijana huyu halikufika. Msimlaumu." Bwana Kombo naye akasimama. "Likafika na kwangu, nikalilaza. Nilidhani nampa heshima."

Baada ya hapo mzee mmoja wa pale kijijini alisogea akaja kukaa ubavuni mwangu. Na uani kwa wanawake nilisikia jina langu linatajwa kwa sauti nyingine. Niliwafuata wenzangu mpaka barabarani. Mbwana akaniomba radhi kwa kuniambia yeye, rika langu, tena njiani kama habari ya sokoni. Nikamwambia yeye peke yake ndiye aliyenifanyia adabu.

Niliporudi ghalani Bwana Kombo alikuwa ameshaweka desturi mpya. Mwenye kupokea neno la mtu alipeleke mwenyewe mpaka kwa mwenyewe, kisha arudi aseme, "Amelisikia." Asiyeweza aseme siwezi, apewe mwingine kwa jina. Makuli wengine pale bandarini walituita genge la mashangazi kwa kupelekeana habari. Hatukujali. Lakini mimi pale ghalani sikukaa raha tena, na kila nikishika fagio nilikuwa naiona siku ile. Jina langu lilirudi Tongoni. Mama hakurudi, na mahali pangu, ndani ya mwanandani wa kaburi lake, alikuwa ameingia mtu mwingine.

Mwanangu, nawe una kazi yako sasa, una walio juu yako na walio chini yako. Mna simu, mna makaratasi, mna vikao visivyokwisha, na bado nasikia mtu anaachishwa kazi, na wa mwisho kujua ni yeye. Ndiyo hayo hayo. Neno la watu wote halina mwenyewe. Likifika kwako na linamhusu fulani, usiseme limefika ofisini. Ofisi haina masikio. Mtafute fulani, mtazame usoni, mwambie, kwa upole kama ulivyolelewa, lakini mwambie. Mjumbe hauawi, na akikuchukia kwa siku mbili, hiyo ni bei ndogo. Usimpe mtu samaki mahali pa neno. Huruma isiyosema humwacha mtu peke yake katikati ya wenzake, nami nimekaa pale, napajua.

Na ukiona wewe ndiye unayezungukwa na ukimya, usinune. Uliza. Uliza hata kama jibu unaliogopa, kwa sababu jibu halitangoja mpaka uwe tayari. Mimi nililiogopa jibu la kazi, na kazi nyingine ningepata.

Siku hizi makaburini huenda peke yangu, Mjomba Makame naye amelala jirani na dada yake. Nakaa kidogo, nasoma Yasini, nazungumza. Hakuna anayenijibu, lakini nimeona hata hivyo ni bora kusema.

Haya, nenda na kheri. Mwenyezi Mungu akupe ulimi mwepesi wa kweli na moyo mzito wa kudhani. Akuwekee mtu mmoja, siku yako ya neno zito, atakayekukalisha chini akutamkie bila kumngoja mwingine. Na popote utakapoitwa, akufikishe kabla kaburi halijafukiwa. Amin.