Jina Refu la Mwanatabu

Mwanatabu wa Mtongwe, huku kwetu Likoni, ni binamu yangu, na mimi ndiye mchukuzi wa kikapu chake cha hina. Nasema mapema ili mtu asije akanituhumu kuwa nampendelea. Nampendelea, ndiyo. Lakini mwanamke huyu ana mdomo, na mara nyingi nimetamani kumwacha njiani yeye na kikapu chake.

Maharusi wa Likoni humgombania, na wengine humwita mpaka Kisauni. Wanaomwona kwa mara ya kwanza hudhani mpakaji ni mimi na yeye kanisindikiza tu. Mikono yake haikunjiki viwikoni. Vifundo vyake vimepinda kwa ndani, vidole vimejikunja, na hivyo ndivyo alivyozaliwa. Miguu nayo ilizaliwa imepinda, ikanyooshwa kwa plasta utotoni, na sasa anatembea kwa mwendo wake wa polepole ambao mwenyewe anadai maharusi wote wamemwiga yeye. Akipaka, huketi chini mkekani, mteja akalaza mkono juu ya mto, naye akaibana koni ya hina baina ya vifundo vyake viwili na kuiongoza kwa mabega. Wapakaji wenye vidole vyepesi huinua koni kila wakimaliza jani. Yeye huanzia kidole cha shahada na hana habari ya kusimama mpaka afike kiwikoni.

Zamani hali yake ilikuwa na majina mengi, kila jina na mwenyewe. Nyanya yetu alisema mtoto kajikunja kwa baridi. Mganga mmoja alisema ni jini wa baharini anayetaka halua, na halua ile, kwa muda mrefu sana, ililiwa na mganga. Majirani nao walikuwa na yao, mengine ya kusikitisha, mengine ya kipuuzi, na Mwanatabu aliyasikia yote kwa sababu watu hudhani mwenye mikono hivi hata akili hana.

Kisha, alipokuwa msichana wa sekondari, madaktari wa mifupa walikuja kufanya kliniki ya bure Changamwe. Mama yake akampeleka. Daktari mmoja, mwanamke wa makamo, alimshika mikono bila kuiogopa, akaipima kiungo kwa kiungo, akamwambia, "Hii yaitwa athrogriposisi." Mwanatabu akamwomba alirudie. Akamwomba tena. Alirudi nyumbani akilitamka njia nzima, na alipofika kwetu alikuwa amekwisha kulizoea kama nguo iliyomkaa.

Daktari alimweleza kuwa neno lenyewe ni la Kiyunani cha kale: sehemu ya kwanza ni kiungo, ya pili ni kupinda. Mtoto akizaliwa na viungo vilivyokakamaa, tena zaidi ya kimoja na katika sehemu mbalimbali za mwili, basi huitwa hivyo. Si jina la ugonjwa mmoja. Ni sawa na kusema mtu ana homa: umeambiwa yuko vipi, hujaambiwa kwa nini. Sababu ziko nyingi, na nyingi kati ya hizo hukutana mahali pamoja, kwamba mtoto hakucheza vya kutosha tumboni, na kiungo kisichochezeshwa hukakamaa. Huenda misuli ilikuwa dhaifu, huenda ni mishipa ya fahamu, huenda maji ya uzazi yalikuwa haba, na mara nyingi hapana ajuaye. Haiambukizi. Na akili yake, daktari alisema, haikuguswa hata kidogo.

"Kwa ufupi," akaniambia Mwanatabu, "nilikuwa mvivu tumboni."

Tangu siku hiyo Mtongwe haikupumua. Mwanatabu alilitaja jina lile sokoni, msibani na kwenye foleni ya maji, na watu wakalipenda, wakaanza kulitumia watakavyo. Feri ikikwama, utasikia mtu anasema leo feri ina athrogriposisi. Mwanatabu hakubali. Feri, atasema, ilizaliwa nzima ikaharibika ukubwani, na athrogriposisi ni ya kuzaliwa nayo. Mzee Mwinyihaji, muuza kahawa, aliwahi kuja rasmi kudai kwamba naye anayo, goti lake la kushoto halikunjiki. Mwanatabu alimhoji kwa heshima zote. Goti lilianza lini? Baada ya kuanguka na baiskeli. Ni goti moja au viungo vingine pia? Goti moja tu. "Basi pole, mzee wangu," akamwambia. "Hukutimiza masharti." Mzee alikasirika wiki nzima kwa kunyimwa.

Hayo yote yalikuwa mzaha. Mambo yalipogeuka, yaligeukia nyumba ya tatu kutoka kwake, kwa Mama Luqman.

Luqman anaendesha lori la mafuta kutoka maghala ya Changamwe. Barabarani ni dereva hodari, lakini mbele ya mamake hana breki wala usukani. Mkewe ni Nasreen, binti wa Kisauni, mwepesi wa kucheka. Nasreen alijifungua mtoto wa kiume, na mtoto akatoka mikono imenyooka haikunjiki, vifundo vimepinda kwa ndani. Hospitali waliwaambia ni athrogriposisi, wakamfundisha Nasreen kumnyoosha mtoto taratibu kila siku na kumpeleka kliniki. Mama Luqman hakutaka kusikia habari za hospitali. Yeye sababu alikuwa nayo.

Huku kwetu wanawake wanaaminishana kwamba mwenye mimba akimcheka kilema, atazaa mfano wake. Na Mama Luqman alikuwa na ushahidi. Nasreen akiwa na mimba kubwa alikuja kwa Mwanatabu kupakwa hina ya Idi, na mavyaa wake, Mama Luqman mwenyewe, akapita chini ya dirisha akamsikia anacheka mpaka anakohoa. Nilikuwapo. Mwanatabu alikuwa akisimulia habari za mgombea mmoja aliyetaka kupigwa picha akimpa mkono. Mgombea hakujua ashike wapi, akahangaika mbele ya kamera, mwishowe akamshika sikio. Ni nani ambaye hangecheka? Lakini Mama Luqman aliona mikono ya mjukuu, akakumbuka kile kicheko, akatoa hukumu: arobaini ikiisha, Nasreen atarudishwa kwao Kisauni. Luqman alinyamaza. Kunyamaza kwake ndiko kulikomliza Nasreen zaidi.

Habari zilipomfikia Mwanatabu hakufanya mzaha. Alikaa kitandani akalia, na machozi yake sijayazoea, kwa hiyo nami nikalia.

"Mikono hii haijamdhuru mtu," akasema. "Leo imefanywa fimbo ya kumpigia mtoto wa watu."

Siku iliyotangulia arobaini alinitaka nimsindikize kwa Mama Luqman. Tulimkuta sebuleni anachambua mchele, Luqman amesimama mlangoni na ufunguo wa gari mkononi, maana kesho yake ndiye angempeleka mkewe kwao. Nasreen alikuwa chumbani na mtoto, mlango wazi.

"Shikamoo, Mama," Mwanatabu akasema.

"Marahaba, mwanangu. Karibu." Alisema karibu, lakini macho hakuyatoa kwenye mchele.

"Nimekuja kutoa ushahidi. Nasreen hakunicheka mimi. Alimcheka mgombea."

"Alicheka mbele yako, na mimba yasikia."

"Mtoto hospitali walisema ana nini?"

"Wamempa jina lako lile refu. Jina si sababu, Mwanatabu. Wewe mwenyewe wasema kila siku, ni kama homa. Mimi nimeleta sababu."

Nikiri kwamba hapo alimpata. Nikamwona Mwanatabu anafurahi kwa siri, maana kwa miaka yote hiyo hakujua kama kuna mtu anamsikiliza.

"Haya," akasema. "Mamangu alipokuwa na mimba yangu alimcheka nani? Mtongwe hapakuwa na mtu wa mikono hii kabla yangu."

"Marehemu mamako alikuwa mcheshi. Huenda alimcheka mtu safarini."

"Sawa. Tumwache marehemu, tuje kwako. Mimi nilikuwa mtoto wa madrasa, natoka bombani na ndoo nimeitundika hapa kwenye kifundo. Nawe ulikuwa umekaa barazani na wenzio, tumbo limekujaa. Ukawaambia, 'Mtazameni Kaa, na magando yake, amekwenda kuchota maji.' Mkacheka. Wewe ulicheka mpaka ukajishika ubavu, ukasema mtoto ampiga mateke. Wakumbuka?"

Mama Luqman aliacha kuchambua.

"Mtaa mzima uliniita Kaa mpaka nikaota matiti," Mwanatabu akaendelea, na sauti yake haikuwa ya ugomvi. "Na aliyeanzisha ni wewe. Mimba ile ilikuwa ya nani?"

Jibu lilikuwa limesimama mlangoni na ufunguo wa gari. Sote tukamtazama. Luqman, bila kuambiwa na mtu, akaikunja mikono yake, akaikunjua, akaitazama viganja na migongo. Ilikunjika vizuri kabisa.

"Wanawake wangapi wa mtaa huu walinicheka na mimba zao?" Mwanatabu akauliza. "Lau ni kicheko, Likoni nzima leo ingekuwa yapaka hina kwa mabega."

Mama Luqman aliuweka ungo wa mchele mapajani.

"Kumbe ulisikia," akasema.

"Masikio yangu ni mazima, Mama. Ni viungo tu."

Mama Luqman aliinuka na ungo wake akaingia jikoni, wala hakurudi. Tulingoja, tukaona aibu ya kungoja, tukaenda zetu.  Njiani mimi nilikuwa nimejaa hasira, nikasema mengi kuhusu yule mama ambayo sitayaandika hapa.

Asubuhi ya arobaini Luqman alikuja kugonga. "Mama asema uje na hina," akamwambia Mwanatabu.

"Hina ya kukaa au ya kuondoka?"

"Hakusema." Uso wake ulikuwa wa mtu ambaye hakulala.

Tulikwenda. Nyumba ilikuwa imejaa wanawake, ubani unafuka, na pembeni ya kitanda cha Nasreen palikuwa na begi lililofungwa. Mwanatabu aliketi chini, akaibana koni, akaanza kumpaka Nasreen bila kuuliza.  Mama Luqman alikuwa akigawa kaimati huku na huku, na kila alipopita karibu yetu Nasreen aliinamisha kichwa.

Kisha shangazi mmoja wa Luqman aliyetoka Changamwe, mwanamke mwenye sauti, akampakata mtoto, akainua shuka yake. Aliitazama mikono, akaishusha shuka haraka.

"Masikini," akasema, na chumba kizima kikasikia. "Huyu mamake alimcheka nani?"

Nasreen akafumba macho. Mwanatabu alifumbua mdomo ajibu, nami nikaandaa kikapu tutoke mbio, lakini Mama Luqman alikwisha kuiweka sinia chini.

"Hakumcheka mtu," akasema. "Mtoto ana athrogriposisi."

Alilitamka neno zima, polepole, kama mtu aliyelala nalo na kuamka nalo. Shangazi akauliza ndiyo nini.

"Ni viungo vilivyokakamaa tangu tumboni. Hakuletewa na mamake. Aliyecheka ni mimi. Nilimcheka huyu Mwanatabu aliyeketi hapa, akiwa mtoto mdogo asiye na kosa, nami nina mimba ya Luqman. Na Luqman huyo hapo nje, mzima. Kama ni kicheko, angelipa yeye."

Wanawake walitazama chini, kila mmoja mahali pake, na nadhani zaidi ya mmoja wao alikuwa anahesabu mimba zake. Mwanatabu hakuinua kichwa. Alikuwa anapaka na machozi yanamdondoka kwenye mkeka, na Nasreen alikuwa amemwegemea begani, kwa hiyo ua la mkono ule wa kulia lilipinda, na mpaka leo ndilo baya kuliko yote aliyowahi kupaka.

"Luqman," Mama Luqman akaita.

"Naam, Mama."

"Njoo ulitoe begi hili hapa, watu wanajikwaa. Lirudishe kabatini."

Kisha akamtoa mjukuu mikononi mwa shangazi, akaketi, akamlaza mapajani, akaifunua mikono ya mtoto yote miwili, akaiacha wazi.