Mama Aliyechunia Kikapu Kisichokuwepo

Jumamosi msichana mmoja alikuja kwa shamba langu hapa Kimulot na kamera, na kama hujaona chai yangu bado hujaona chai. Anatengeneza filamu ya maisha ya familia yao, peke yake, hana kampuni. Alikuja na mama yake, ambaye tulichuna naye estate moja mpaka mashine za kuchuna chai zikachukua kazi, zikamrudisha kwao huko ziwani.

"Chuna tu vile ulikuwa unachuna, mama."

Wacha! Vidole vilikimbia kama mvua kwa mabati. Mikono ikijaa, anatupa majani nyuma ya bega. Mara akageuka. Majani yote yalikuwa chini, kwa sababu hakuwa amebeba kikapu mgongoni.

Akafunika uso. "Futa hiyo, nyathina, mtoto wangu. Watu watasema nimezeeka."

"Siwezi, mama. Hiyo ndio filamu yenyewe."

Mama akaangalia yale majani. Halafu akasema polepole, "Basi wacha ikae. Lakini uwaambie kikapu kilikuwa kinajaa."

Hapo mimi ni shahidi, na Kericho nzima inanijua. Kilikuwa kinajaa kweli kweli. Ni vile tu changu kilikuwa kinatangulia kujaa.