Sauti Iliyomkana Mwenyewe

Mdomo Mali hakujua kusoma hata jina la duka, lakini alifasiri filamu za lugha saba, na katika hizo saba hakuielewa hata moja. Miaka ishirini alikaa kando ya skrini ya kibanda cha video, kipaza sauti mkononi, akiwasemea wote: jambazi, bibi harusi, hata mbwa. Akilia kilio cha mjane, mvua ilisita kwanza, na kuku wa jirani walitaga wakiwa wima wasije wakakosa neno. Anayebisha hakuwepo.

Alikuwa na mwiko mmoja: shujaa hafi. Hata akitobolewa kifua, Mdomo Mali husema amelala, na mazishi yanayofuata huwa ndoto yake. Watu walijua wanadanganywa, na kesho yake walirudi na mawifi zao.

Kisha filamu zikahamia kwenye simu, kila mtu na yake kiganjani, benchi zikabakia na viroboto. Shemeji yake, fundi simu, akamwomba aongee siku tatu mbele ya mashine inayojifunza kuiga sauti. Akacheka, akaongea. Sauti si kisima, alisema, haikauki ikichotwa.

Mwaka haukuisha, mashine ikawa inafasiri simuni kwa jina lake na sauti yake ileile, haikohoi, haiombi chai. Mwenye kibanda, mwanamke asiyepepesa macho, akamwambia wazi kwamba Jumamosi alasiri ataijaribu mbele ya watu. Wakiipenda, yeye kipaza sauti akiweke chini.

Kibanda kilifurika. Wengi walikuwa vijana waliomjua kwa sauti ya simuni tu, sura hawajawahi kuiona. Alijibanza benchi la nyuma, akiomba mashine ishikwe na kigugumizi. Wapi, ilitiririka kama asali. Ikafika pale shujaa anapoanguka, na sauti yake mwenyewe ikatamka bila haya, “Amekufa.”

Wakalia, tena kwa raha, leso zikapita mkono kwa mkono. Mwenye kibanda naye akajifuta pua, akaanza kuukunja waya wa kipaza sauti.

Mdomo Mali akasimama. Maneno yakamtoka makavu kama magome. “Hajafa, jamani. Amelala tu, kachoka.”

Binti wa benchi la mbele akageuka, kwa adabu zake zote. “Babu, shikamoo. Tunyamazie kidogo, tunamsikiliza Mdomo Mali.”