Kwa Mkorea wa Taa Moja

Niliondoka Dar es Salaam kwa sababu ya uso usioonekana. Nilikuwa napiga picha za filamu yangu ya kwanza, na kila tukiingia chumbani mwigizaji wetu, Bi Zuhura, anakuwa giza tupu. Nikiongeza taa, anang'aa kama sufuria mpya. Mtayarishaji, Bwana Kessy, akanipa nafasi ya mwisho: nirudie onyesho la chumbani, la sivyo kamera apewe mwingine. Nikasikia Bwana Han, mpiga picha za filamu Mkorea ninayemhusudu, atafundisha siku moja London. Viza ilipotoka, sikujiuliza mara mbili.

Huko London nilifikia mtaa wa Kilburn, kwa binamu yangu Rehema.

"Huyo Mkorea ana nini cha ajabu?" aliniuliza asubuhi akivaa koti. "Nina shift Lewisham, otherwise ningekusindikiza."

Nikamweleza: vyumba vyake vina taa moja, kamera yake haihangaiki, na bado unasoma mawazo ya mtu usoni.

"Basi muulize, usije ukaona haya kama kawaida yako."

Ukumbini, Bwana Han alieleza kupitia mkalimani kwamba alianza kwa kubeba nyaya kwenye tamthilia za televisheni, akawa fundi taa kwa miaka mingi kabla ya kuruhusiwa kugusa kamera. Mpaka leo hupanga taa kwanza. Nikamwonyesha kipande cha onyesho la Bi Zuhura kwenye simu.

"Unamulika uso," akasema. "Mulika ukuta ulio nyuma yake. Na poda hii ya nini?"

Nikasema kwetu mwigizaji hupakwa poda asing'ae. Hata harusini, bibi harusi aking'aa, mpambaji ndiye anayelaumiwa.

"Ifute. Ngozi yake inarudisha mwanga, ninyi mnauzima."

Niliona aibu, kisha nikafurahi kama mjinga.

Jioni nilimkalisha Rehema jikoni, nikazima taa ya dari, nikaelekeza taa ya mezani ukutani nyuma yake, nikampiga picha.

"My God, nimechoka hivi?" akasema alipoiona picha.

Dar tulirudia onyesho bila poda. Kessy alitazama, akavua miwani.

"Kumbe analia," akasema. "Kamera baki nayo."

London nilijifunza kupanga taa. Somo lililobaki alinipa Bi Zuhura, aliyekuwa amesimama nyuma yetu.

"Nililia tangu mara ya kwanza, wanangu," alisema. "Ninyi ndio hamkuniona."