Freni Niliyoifunga kwenye Saa ya Koko

Mpira ukiungua hunirudisha nyumbani. Juzi nilisimama kando ya barabara, pale mteremko wa kutoka Masisi unapoingia Sake, chukudu zikawa zinashuka na magunia ya makaa. Kama hujaiona, chukudu ni kama baiskeli ya mbao isiyo na pedali, na freni yake ni kipande cha tairi kilichopigiliwa juu ya gurudumu la nyuma. Mwenyewe anakikanyaga, moshi unatoka, na mzigo wote unatii. Waliokuwa karibu walifunika pua. Mimi niliivuta ile harufu mpaka ikaisha, kwa sababu utotoni niliwahi kutengeneza freni kama hiyo, ndogo, ya kuzuia siku zisiende.

Usinicheke kwanza, nilikuwa na sababu. Mama alikuwa ameshuka Hombo, soko la bondeni, kuuza sabuni na kununua mawese, akaniacha kilimani kwa mama yake mzazi, ambaye nilimwita Koko kama tunavyowaita bibi zetu. Baba simkumbuki. Asubuhi ya kuondoka, Mama alinishika kidevu, akalitikisa jino langu la mbele lililoanza kulegea, akasema: "Nitarudia mbele hii jino ianguke."

Yaani atarudi kabla halijaanguka. Leo nadhani alikuwa anatafuta tu neno la kumnyamazisha mtoto. Mimi nililipokea kama ahadi ya kanisani. Niliacha muwa, niliacha mahindi ya kuchoma, nikawa natafuna upande mmoja na kuongea polepole, mdomo nusu wazi. Wenzangu wa shule walichoka kunisubiri nimalize kusema, wakaenda kucheza na wengine. Sikuwalaumu. Nilikuwa na kazi ya kulinda jino.

Koko naye alikuwa na kazi yake. Nje ya kanisa letu dogo ilining'inia rimu ya lori, na yeye ndiye aliyeigonga kwa nyundo: ya alfajiri, ya shule, ya misa. Simu zilikuwa chache na chaji ilikuwa shida, kwa hiyo kilima chote kiliamka, kikasoma na kikasali kwa kufuata mkono wa Koko. Na Koko alifuata saa yake ya mezani, ya kutia ufunguo, ambayo mfuniko wa nyuma ulikuwa umepotea. Ndani ungeweza kuona kigurudumu kikienda na kurudi bila kuchoka.

Wazo lenyewe nililipata kwenye redio. Kila asubuhi mtangazaji alisema ni saa kumi na mbili Kinshasa, saa moja Lubumbashi. Nilimuuliza Koko kwa nini Kinshasa wako nyuma, akasema kule kuna wakubwa. Nikaelewa kwamba wakubwa wana namna ya kuizuia saa, na kama inazuilika huko, itazuilika hata kwetu. Nilichosubiri ni betri za redio zife. Koko alizianika juani, akaziuma, akazianika tena, mwisho redio ikanyamaza kabisa. Sasa hapakuwa na mtu wa kuikosoa saa yetu.

Nilikata kipande chembamba cha tairi kuukuu, nikakifunga kwenye kijiti, kijiti nikakikaza kwa springi ya tochi iliyokufa. Nikikifinya, mpira uligusa kile kigurudumu, na saa ikanyamaza. Nikiachia, iliendelea pale ilipoishia bila kujua kitu. Siwezi kukueleza raha niliyoisikia. Jioni nilipokuwa peke yangu ndani, Koko akiwa bado shambani kwenye maharage, nilikaa sakafuni na kufinya, nikajaribu jino kwa ulimi, nikaona limetulia.

Yalikuwa majira ya mvua, na ukungu wa kwetu unaweza kufunika jua mpaka watu wasahau lilipo. Hivyo kilima kizima kikaanza kuchelewa. Mwalimu alifika akiwa na mswaki mdomoni akadhani amewahi. Wanawake waliteremka mashambani wakishangaa siku zimekuwa fupi. Jumapili moja katekista, aliyekuwa na saa yake ya mkono, alikuja kwetu akiwa amekunja uso. "Mama," akasema, "saa yako iko nachelewa. Leo nimefika kanisani, niko miye na mbuzi tu." Koko akamjibu kwamba saa ni mzee kama yeye. Katekista akasema rimu ikichelewa tena atampa nyundo mtu mwingine. Koko aliipenda ile nyundo kuliko kitu chochote alichokuwa nacho, nami niliogopa, lakini sikuondoa freni.

Wiki hiyo alikuja mzee mmoja, mchuuzi aliyekuwa akipanda kutoka Hombo na madumu ya mawese. Nilimkimbilia, nikitazama nyuma yake kama Mama anafuata. Hakuniangalia. Alikaa na Koko nyuma ya nyumba, akaondoka bila kugusa chakula, na siku hiyo maharage yakaungua jikoni, jambo ambalo halijawahi kutokea kwa Koko. Nikatumwa maji.

Niliporudi nilimkuta amechuchumaa mbele ya saa, kidole juu ya kijiti changu. Nikajua nimekwisha.

"Hii kitu inafanya nini?"

"Inashika saa, Koko. Jino isianguke mbele Mama arudie."

Alikifinya kijiti, saa ikanyamaza; akakiachia, ikaendelea. Kisha akauliza: "Inashika ya bantu bote, ao yako tu?"

"Ya bote," nikasema, maana watu wote kilimani walifuata saa ile.

"Basi kaza kidogo tena," akasema.

Tangu siku hiyo freni ikawa yetu wawili. Nilimkuta mara kadhaa akiifinya mwenyewe, amekaa wima. Katekista akatimiza neno lake, nyundo ikaenda kwa mtu mwingine, na Koko hakubisha. Nilijisikia mtu mkubwa. Nilidhani nimempata wa kuniamini.

Jino lilianguka mchana, ndani ya kipande laini cha muhogo. Nililia kwa sababu freni yangu ilikuwa imeshindwa. Koko alilichukua jino mkononi mwangu. Hakulirusha juu ya paa kama tunavyofanya kwetu. Alifungua springi, akautoa mpira, saa ikaanza kulia ndani ya nyumba. Akaniketisha.

"Mama yako alikufa kule Hombo," akasema. "Ni homa. Balishamuzika."

Halafu alitoka, akamnyang'anya nyundo yule mgongaji mpya, akaigonga rimu saa isiyo ya kitu chochote. Kwetu rimu ikilia hivyo kila mtu anajua ni msiba. Watu walipanda kutoka kila upande, wakajaza uwanja, matanga yakaanza. Ndani ya umati wote ule sikujua nikae wapi.

Miaka mingi nilikasirika kwamba alichelewa kuniambia. Yule mchuuzi ndiye aliyenieleza, nikiwa tayari mtu mzima, kwamba habari aliileta siku ile maharage yalipoungua, na Koko akamwomba asimwambie mtu. Nikahesabu upya kichwani. Maana yake aliishi majuma yale yote bila kulia, kwa kuwa angelia, majirani wangekuja. Alilala kando yangu, alinipikia, alisikiliza nikimhesabia vitu nitakavyomwonyesha Mama.

Nilidhani alikuwa ananionea huruma. Ni baada ya kuzaa binti yangu ndipo nilipoelewa. Katika kilima kile alibaki mtu mmoja tu ambaye bado alikuwa anamsubiri binti wa Koko arudi, na mtu huyo nilikuwa mimi. Koko alikuwa anakuja kukaa karibu nami ili na yeye asubiri kidogo.