Mbuzi ya Mama Aleyamma

Kisa hiki hamtakiamini, na mie sikulaumuni. Nisingekiona kwa macho yangu haya mawili, hata mie ningesema mjomba Shamte kaanza tena. Lakini Ameir mwenyewe yupo hapa, kakaa ubavuni mwangu ninapoandika, anamenya chungwa. Muulizeni.

Ameir ni mtu wa Makunduchi. Kazi yake wakati huo kukunja mashuka kwenye chumba cha kufulia cha hospitali moja, Silver Spring, huku Marekani. Anakunja kutwa, hasemeshwi na mtu. Akirudi kwake Hyattsville hulisalimia friji. Msicheke, nimemsikia. Miaka minne hivyo.

Mwaka wa themanini na sita, nesi mmoja wa hapo, Mama Aleyamma, Mhindi wa Kerala, akamwona anakula wali wa nazi kwa mkono. Akamwambia: Jumapili njoo kwangu, tunatazama filamu za kwetu. Ameir akalipiga pasi shati mara mbili.

Sasa msidhani ni zile za Kihindi tulizokulia nazo, mtu kapigwa risasi saba na bado anaimba. Hizi za Kimalayalam, lugha ya kwao Kerala, shujaa ana kitambi, kafunga shuka jeupe kalikunja magotini, anabishana siasa mgahawani kwa kikombe kimoja cha chai tangu asubuhi. Mvua inapiga vigae. Mama anamngoja mwanawe aliyekwenda Arabuni kutafuta maisha, na barua haiji. Ameir hakuelewa hata neno moja, na alilia kuliko wenyewe. Wenyewe wakamsogezea kiti.

Ndipo mwanamke wa kwenye filamu akakalia kibao chenye meno, akaanza kukuna nazi. Ameir akaruka: "Mbuzi!" Miaka minne anapikia nazi ya unga ya pakiti! Akamgeukia mwenye nyumba, kwa Kiingereza: "Mama, una mbuzi? Nataka kumkalia mbuzi wako."

Sisi tukisema "mbuzi ya", tumemaliza, kila mtu anajua ni ya kukunia nazi. Kiingereza hakina ya wala wa. Alichokitaja ni mnyama, na pembe zake. Mume wa Mama Aleyamma akazima televisheni. Ameir akatoka mbio, viatu mkononi.

Wiki tatu akawa anajificha nyuma ya mashuka kila akisikia sauti ya yule mama.

"Nenda kamwombe radhi," nikamwambia.

"Nitasema nini, mjomba? Nikifungua mdomo nitaongeza ng'ombe."

"Basi kaa na friji lako."

Hakucheka. "Wale walinisogezea kiti, mjomba."

Nikaenda mwenyewe. Kiingereza changu mnakijua, darasa la saba nilikaribia kulimaliza. Maneno yaliponiishia nikakaa sakafuni, nikatanua miguu, nikakuna hewa. Mama Aleyamma akacheka mpaka akashika ukuta. Akasema Jumapili aje.

Basi Jumapili ile, Ameir kuingia tu, kakuta watu arubaini wamesimama wanampigia makofi, wakamkalisha kiti cha mbele, wakaimba jina lake mpaka majirani—

"Mjomba Shamte." Ameir kaweka chungwa chini, anasoma begani mwangu. "Watu arubaini wepi? Wenyewe wote walikwenda harusini, Fairfax. Mama aliniachia ufunguo chini ya zulia la mlangoni, na kanda ya filamu juu ya televisheni. Niliitazama peke yangu. Ilipokwisha, nikairudisha mwanzo."